Maini

Alikuja Luthuli Alhamisi, umeme umepotea,
ngazi zote nne kwa miguu,
na mfuko wa supamaketi iliyokwisha kufilisika.
Ndani, kanda tatu za video zimeviringishwa kwenye leso
kama vikombe vya wageni.
"Wewe ndiye fundi? Nilidhani ni mtu mzima."
Akaketi juu ya spika ya mteja mwingine.

Drusila Khakasa, wa Makongeni, binti wa karani wa reli.
Lakini kwenye lebo, kwa wino uliofifia: ZUZU ZANZIBA.
"Jina hilo alinipa bwana mmoja wa Munichi, mwenye masharubu.
Nikamwambia bahari sijawahi kuiona.
Akasema, watazamaji pia hawajaiona, usijali."

Umeme ukarudi. Nikaifuta kanda ukungu
kwa pamba na spiriti, nikaisokota kwa kidole,
nikaitia mashineni.
Theluji kwanza, kisha mistari, kisha yeye:
miaka ishirini na minne, manyoya ya mbuni begani,
ngazi za kioo, minazi ya karatasi,
vijana kumi na wawili, meno matupu,
wakimzunguka kama pia.
Jumamosi usiku, mwaka wa sabini na tano,
nchi nzima imekaa kochini na biskuti.

Mkononi ana maikrofoni. Waya wake unaingia kwenye vazi
na kuishia humo, kwenye kifundo.
"Haukwenda popote," akasema. "Sauti tuliirekodi Jumanne.
Jumamosi ni kufungua mdomo tu.
Siku moja nilipiga chafya
na mamilioni wakanisikia nikishikilia noti."

Kijerumani alikiandika kwa tahajia ya shuleni kwao,
daftari la mistari, kila neno jinsi lilivyotua sikioni.
*Wangu* kwao ni *main*; akaandika *maini*.
Moyo, *herts*.
Basi misimu sita alisimama chini ya taa
akiwaimbia wazee wa watu, machozi yakiwalenga,
maini, maini herts,
naye akilini anaiona bucha ya Burma mwisho wa mwezi,
mizani, karatasi ya gazeti,
mama akisema ongeza kidogo, usiwe hivyo.
"Tena sikukosea sana.
Si hata sisi, umpendaye hukukalia ini?"

Nikauliza kwa nini aliacha.
"Msimu wa saba walitaka msichana wa Brazili.
Wakampata Hamburugi. Wakampaka rangi."
Karani wa studio alimnakilia hizi kanda siku ya kuaga.
Alirudi nazo, na friji, na koti la manyoya.
Friji ilikufa. Koti nondo wamelila mikono.

Kanda ya tatu picha ni safi, sauti hakuna.
Nikasafisha kichwa, nikabadili waya,
nikaipiga mashine kofi.
Hakuna. Unyevu umeula ukanda ukingoni,
ukingo ule ule sauti inapoandikwa.
Nikaanza kuomba radhi.

Alikwisha kusimama.
Mkono kiunoni, macho kwenye kioo,
akamngojea yule binti ashuke ngazi ya mwisho,
na mdomo ulipofunguka kule
ukafunguka huku.

Sauti yenye changarawe,
chini kabisa ya pale ilipokuwa zamani,
ikapanda juu ya honi na ngoma za maduka ya barabarani.
Kijana wa vioo vya simu akaacha bisibisi hewani.
Mwenye spika akaja kudai spika yake,
akasimama mlangoni, risiti mkononi, asidai.
Sijui alisema nini. Nilishika *maini* tu.

Kisha akakatiza, akanigonga bega:
"Hapo nimechelewa. Yeye kaingia kabla yangu.
Rudisha."